Chumba cha Kanga

Ngamiani, Tanga
Alhamisi, baada ya alasiri

Mwanangu Mwanahawa,

Salamu zangu utazikuta ndani ya doti jipya la kanga, maana karatasi hizi nitazikunja nizisokomeze humo kabla hujarudi. Hivi sasa wewe na shangazi yako mko Chumbageni mnaaga watu, na najua kila nyumba mtakalishwa mnywe chai, kwa hiyo nina nafasi mpaka maghribi. Kuku ameshachinjwa, mchele umeshachambuliwa, na mpangaji wa chumba cha mbele nimemwambia asinigongee mlango hata nyumba ikiwaka moto. Naandika kwa herufi zetu za chuoni, za Kiarabu, zile nilizokufundisha mwenyewe kwa ubao na wino wa masizi. Hizi za Kizungu ulizonifundisha wewe nazisoma, lakini mkono wangu ukiziandika unatembea kama mtoto anayeanza dede.

Ya kupika na kufua sitakuandikia. Ya mume pia sitayaandika. Athumani ni mpole, na dresa wa hospitali anayeweza kumdunga mtoto sindano akamwacha anacheka hana haja ya kusimamiwa na mkwewe. Nguo za baridi umefunga, mikate ya safari nimefunga mimi. Kesho gari moshi likishalia pale stesheni nitakuwa nimeziba uso kwa buibui nisiweze kusema kitu, nawe utadhani ni hasira.

Juzi ulinijia jikoni, ukakaa karibu, ukanishika goti, ukasema, "Mama, mbona hujaniambia? Umeniridhia niende?" Nami nikakujibu, "Hebu katazame nazi kama imekwisha kukunwa." Nazi ilikuwa imekwisha kukunwa. Ulikuwa umeikuna wewe mwenyewe, na sote wawili tulijua hivyo. Ukainuka ukaenda kuitazama. Tangu hapo hujauliza tena, ila nakuona unavyozunguka nyumba hii, unafagia mahali palipofagiwa, unanisubiri. Binti kutoka nyumbani bila radhi ya mama yake, hata akiwa na mume na tikiti na masanduku, anatoka amebeba jiwe. Mimi nalijua hilo, na bado neno lilikataa kunitoka. Nataka nikueleze lilikwama wapi.

Lilikwama Kondoa. Nilimwomba Mungu Athumani ahamishiwe Pangani, au Korogwe, au hata Amani kule kwenye ukungu na misitu ambako nguo hazikauki. Barua ya serikali ikaja imeandikwa Kondoa. Katika nchi yote hii ya Tanganyika!

Unakumbuka mwaka jana, siku ile tuko ukumbini na Bi Tatu wa nyumba ya pili, tunachambua mchele, na ile taa ya kuning'inia ikaanza kucheza? Bi Tatu akasema, "Lori la mkonge hilo linapita." Ukamwambia, "Lori gani hilo, Bi Tatu, lisilo na mlio?" Akasema, "Basi paka kapita darini." Ukamwambia, "Bi Tatu, nyumba yetu haina dari." Mkacheka mpaka mchele ukamwagika. Mimi nikainuka nikatoka uani. Ukanifuata, ukaniuliza, "Mama, umeona nini?" Nikakwambia nimeona joto.

Lile halikuwa joto, mwanangu. Lile lilikuwa tetemeko la ardhi, zilizala, limepiga huko bara mbali, ninavyodhani ni upande ule ule, likatembea chini ya milima na mbuga na mashamba yote ya mkonge, likafika Tanga limechoka, limebakiwa na nguvu ya kutikisa taa tu. Nilisimama uani nikitazama ardhi hii ya mchanga tunayoimwagia maji ya vyombo kila siku. Nilikuwa kama mtu aliyesikia sauti ya jamaa yake wa zamani nyuma ya ukuta.

Nilikuwa bibi harusi mpya baba yako aliponipeleka Kondoa. Alikuwa fundi cherehani, hilo unalijua. Alikuwa pia mtu wa pwani toka utosini hata unyayoni. Tulipofika akazitazama nyumba za wenyeji, zile tembe, nyumba fupi za fito na udongo ambazo paa lake nalo ni udongo, bapa, limebebwa na nguzo za miti, na mtu mrefu huinama mlangoni. Akasema, "Mimi nilale ndani ya kichuguu?" Akajenga nyumba ya mawe. Mawe kwa udongo, akaisiriba, akaipaka chokaa ikang'aa, akaitilia na baraza ya kukalia watu. Watu walikuja kuitazama kama wanavyotazama arusi.

Jirani yetu alikuwa mama mmoja wa Kirangi, mjane, akiitwa Mama Hadija. Alikuwa na mbuzi wengi na maneno mengi kuliko mbuzi. Akaizunguka nyumba yetu yote, akaupapasa ukuta, akamwuliza baba yako, "Fundi, hii nyumba inajua kucheza ngoma?"

Baba yako akacheka. "Nyumba kucheza ngoma, Mama Hadija? Nyumba kazi yake kusimama."

"Haya," akasema. "Tutaiona siku ya ngoma." Akaenda zake kwa mbuzi wake.

Haikupita wiki. Nimekaa kitandani nasuka nywele, nikahisi kama mtu ameshika miguu ya kitanda akakisukuma kidogo, akakiacha. Nikatoka mbio natoa shahada kwa sauti, nusu ya nywele zimesukwa na nusu zimesimama. Mama Hadija alikuwa anakamua mbuzi. Hata kibuyu hakukitua.

"Kuna nini?"

"Ardhi! Ardhi imetikisika!"

"Hiyo?" akasema. "Hiyo imegeuka ubavu tu. Njoo unishikie huyu mbuzi."

Ndivyo nilivyoanza kufundishwa, nimeshika pembe za mbuzi. Wenyewe huko hawakuwa na chombo cha kupimia, walipima kwa vitu vya nyumbani. Zilikuwapo zile anazozisikia aliyekaa au aliyelala tu, na mwenye kutembea njiani hajui kitu. Hizo Mama Hadija hakuzihesabu kuwa kitu, na zilikuwa nyingi hivi kwamba kuna majuma nilizisikia karibu kila siku, kisha ukaja mwezi mzima wa kimya. Kulikuwa na zile za kugonganisha vikombe kabatini na kuyafanya maji ya mtungini yapige duara duara. Hizo watu waligeuza shingo, wakaendelea na mazungumzo pale pale walipoachia. Zikizidi hapo, mbuzi wote husimama kwa pamoja na vumbi hudondoka toka darini. "Mbuzi wakisimama nawe simama," aliniambia, "na ukisimama toka." Hizo baina ya mavuno na mavuno nilizipata mara moja moja. Za kupasua ukuta, yeye na umri wake wote alikuwa ameziona chache, anaweza kukuelezea kila moja ilimkuta wapi akifanya nini. Na juu ya zote kulikuwa na moja aliyohadithiwa na bibi yake, naye bibi kahadithiwa na wakubwa zake, iliyoporomosha ubavu wa mlima na kuhamisha mkondo wa maji. Hiyo hakuna mtu aliye hai aliyeiona.

Nililifikiri jambo hilo siku nyingi, mwanangu, na mpaka leo nalifikiri nikiwa juu ya msala wa swala. Ndogo hazina idadi. Zinavyozidi nguvu ndivyo zinavyozidi kuwa adimu, mpaka ile kubwa kupita zote inakaa mbali na umri wa mtu. Nani aliyezipanga hivyo? Ingekuwa kinyume chake, zile kubwa ndizo za kila siku, pasingekuwa na Kondoa, wala mbuzi, wala mtu wa kusimulia. Nguvu ile yote iko chini ya nyayo zetu, na inatolewa kwa kijiko. Mimi sikusoma sana, lakini kila nikifika hapo ulimi wangu hukwama kwenye subhanallah, sina jingine la kuongeza.

Ila kuna kitu nilikielewa vibaya, na si mimi peke yangu, watu wote wa pwani tuliokuwa pale tulikielewa vibaya. Tulidhani zina zamu. Ikipita moja ya kutikisa vikombe, tukiambiana, "Haya, imeshapumua, mwezi huu tumesalimika." Mama Hadija alitusikia siku moja, akasema, "Kwani imewaandikia barua?" Tukacheka. Nami nikazoea. Miaka ilivyopita nikaona fahari kabisa kutoinuka. Mgeni akija toka Tanga akikimbia nje, mimi nakaa namimina chai, namwambia, "Hiyo imegeuka ubavu tu." Mbuzi walisimama mara nyingi nami nimekaa. Mtu akizoea kitu cha namna ile, mwanangu, huanza kujiona kama anakijua.

Kisha baba yako akapata homa. Unajua habari yake, sitairudia. Alikwenda upesi, na tumbo lako lilikuwa limeshakuwa kubwa. Wanawake wa pwani waliokuwa pale, wake za wafanyabiashara, wakaniingiza edani kama desturi yetu inavyotaka. Nikakalishwa chumba cha ndani kabisa, kile kisicho na dirisha, bila uturi, bila wanja, bila kioo, nisionane na mwanamume wala nisivuke kizingiti mpaka nijifungue. Nami niliishika eda ile kwa ukali kupita alivyoagiza Mungu mwenyewe. Wajane wengine hutoka kujinyoosha uani usiku, mimi hata ukumbini sikutoka. Watu walidhani ni uchaji. Labda ulikuwepo. Lakini zaidi ya hapo, sikuwa na kitu kingine tena cha kumfanyia baba yako. Kupika kumekwisha, kumshonea vifungo kumekwisha, kumuuguza kumekwisha. Ilibaki kukaa. Nyumba kaijenga yeye kwa mikono yake, nami nimekaa ndani yake, nikiona kama bado ananiambia, kazi yake kusimama.

Ndipo likaja juma ambalo mbuzi walikataa kulala. Nilikuwa nawasikia ukutani wakihangaika. Asubuhi ikapita moja ya vikombe. Nyingine ikafuata, vumbi likanidondokea mabegani. Adhuhuri ilikuwa imeshaswaliwa, nikasikia sauti ya Mama Hadija mlangoni, nayo haikuwa na mzaha.

"Mke wa Fundi, toka."

"Niko edani, Mama Hadija."

"Eda ya mume au eda ya ukuta?"

"Watu wataniona."

"Watu wenyewe wako nje wanatazama miguu yao! Nani akutazame wewe na tumbo hilo kama debe?"

Mmoja wa wale wenzangu wa pwani akasema, "Jamani, asitoke kabla maalim hajaulizwa." Mama Hadija akasema, "Basi aulizwe upesi, yule pale barabarani, katoka hata kilemba hana!" Nikamsikia maalim mwenyewe akipiga kelele toka mbali, "Mwambieni ni dharura! Dharura ina ruhusa yake! Atoke!"

Ruhusa ikaja, basi, tena kwa sauti iliyosikika mtaa mzima. Na mimi sikuinuka. Nikasema maneno ambayo nikiyakumbuka nashangaa ni mimi. Nilisema, "Maalim hakuijenga nyumba hii."

Sauti zikaondoka mlangoni. Nilidhani wamekata tamaa, wameniacha. Kumbe Mama Hadija alikuwa anawakusanya wanawake. Nikasikia nyayo, nikasikia nguo zinakung'utwa, kisha mlango wa chumba changu ukajaa rangi. Walikuwa wamevua kanga zao za juu, Warangi na wa pwani pamoja, wakazishika ncha kwa ncha, wakafanya kuta za nguo kuanzia kizingitini. Mama Hadija akaingiza kichwa katikati, akasema, "Chumba chako tumekitoa nje. Haya, hamia. Edani hujatoka, umehama chumba tu."

Nikacheka. Tangu baba yako azikwe sikuwa nimecheka. Kicheko kile ndicho kilichoninyanyua, si maalim, wala si woga.

Nikaingia ndani ya chumba cha kanga, nacho kikaanza kutembea nami. Sikumwona mtu. Niliona vidole vyao juu ya ukingo wa nguo, na chini niliona miguu yao na ule udongo mwekundu wa Kondoa. Juu yangu, mbingu. Nilikuwa nimesahau kwamba ni pana hivyo. Tulikuwa katikati ya uwanja ilipokuja.

Nitakueleza kama nilivyoiona, na sitazidisha, maana hapo hapana haja ya kuzidisha. Kwanza ndege walinyamaza. Kisha ukaja mlio, na mlio ule haukutoka upande wowote, ulitoka chini, kama mawe makubwa yanasagwa ndani ya tumbo la nchi. Nikauona mti mmoja juu ya ukingo wa kanga ukichapwa huku na huku, na upepo hakuna. Udongo ulipita chini ya miguu yangu kwa mawimbi, niamini, ardhi kavu ikienda kama maji. Nikaanguka kwa magoti na viganja. Nikasikia mwanguko mzito nyuma yetu, na wingu la chokaa likatufunika.

Na wale wanawake, Mwanahawa! Walianguka nao. Niliona magoti yao yakigonga chini, kanga moja baada ya nyingine ikishuka kidogo, lakini hakuna hata mmoja aliyeachia. Walipiga magoti juu ya ardhi inayokimbia, mikono wameinua juu, wamenishikia kuta zangu. Za mawe zilikuwa zimelala chini. Za nguo zilikuwa zimesimama.

Nilisoma yote niliyoyajua, na nilipomaliza nikaanza tena. Sikuwa na hofu, ndilo jambo ambalo sijapata kuliweza kumweleza mtu. Hofu ilikuja baadaye, ikakaa miaka. Saa ile niliona mambo makubwa mawili kwa pamoja, ile nguvu ya chini na ile mikono ya juu, na yote mawili yalitoka kwa Mwenyewe mmoja. Nilijiona mdogo kama chembe ya mchele, na chembe ile inaonekana.

Uchungu ukanishika hapo hapo. Kurudi ndani hakukuwa na ndani. Ardhi haikutulia jioni ile, ilipumzika ikaja tena, ikapumzika ikaja, kila moja dhaifu kidogo kuliko ile ya mwanzo, na baadhi ya nyakati sikujua upi ni uchungu wangu na upi ni wa nchi. Wanawake wakapokezana kushika kanga. Maghribi haijaingia ukazaliwa wewe, juu ya mkeka, chini ya mbingu. Mama Hadija akakupokea, akakuinua ukalia, akasema, "Eda imekwisha. Bibi huyu kaivunja mwenyewe." Maana ndiyo sheria, mjane mwenye mimba eda yake humalizika akijifungua. Ndipo wale wanawake wakashusha mikono. Kanga zilianguka pande zote kwa pamoja, nami nikauona mji, na vumbi lake, na watu wote wako nje wamekaa chini kama wageni.

Mimi nilikwambia ulizaliwa Kondoa, nikaishia hapo. Huo ndio ukamilifu wake.

Chumba nilichokuwa nimekaa kilijaa mawe mpaka kiunoni pa mtu. Tembe ya Mama Hadija ilipasuka kuta, lakini paa lilibaki juu ya nguzo zake, liliyumba likarudi. Hakunikumbusha habari ya ngoma, si siku ile wala baadaye. Alinipa maziwa siku zote za uzazi, lakini kwa kunyamazia lile neno nilimshukuru zaidi. Chemchemi ya mji ilitoka maji mekundu, watu wakaogopa kuyanywa, kisha yakasafika yakaja mengi kuliko zamani. Tulilala nje. Matikiso ya nyuma yake yaliendelea siku nyingi. Mwanzo hatukupata hata kumaliza chakula bila moja, kisha yakapungua, yakawa ya vikombe, yakawa ya kugeuka ubavu. Wewe uliyalalia yote. Yakikoma ndipo ulipoamka ukilia, kana kwamba umenyang'anywa susu ya kulalia. Mama Hadija alikuwa akisema, "Huyu wa kwetu, mtarudi naye tu." Mjomba wako alipokuja kutuchukua nikamjibu Mama Hadija moyoni, hatarudi.

Na kesho unarudi.

Sasa unajua neno lilinikwama wapi siku ile ya nazi.

Athumani amenieleza, kwa adabu zake, kwamba nchi ile ina ufa mkubwa uliotoka mbali kaskazini, na nchi inavutwa huku na huku, ndiyo maana haitulii. Sikubishana naye. Mungu akitaka kutikisa kitu hashindwi kukiwekea ufa. Ila mkumbushe kwamba kujua ufa uko wapi hakumwambii mtu ni siku gani. Hakuna anayejua siku. Mama Hadija hakujua, aliwatazama mbuzi tu akaona afadhali amsumbue mjane.

Nilisema sitakupa maagizo, na hili halimo katika maagizo. Ikianza, toka. Usitafute buibui. Ukiwa na unga mikononi toka na unga wako. Ukiwa kwenye swala toka, Aliyekuumba hatakudai rakaa aliyokukatiza Mwenyewe. Akikwambia mtu kwamba imeshapita, nyingine zamu yake ni mwakani, mwambie aisubiri yeye. Na ukimkuta mtu amekaa ndani amekataa, kwa sababu ya mume au mama au heshima yake, usimtolee hoja. Hoja nilikuwa nazo zaidi yao. Mtafutie namna ya kutoka bila kuacha kile anachokishika.

Chini ya doti hili jipya kuna kanga kuukuu, nyekundu iliyofifia, maandishi yake hayasomeki tena na ukingo mmoja umelika. Usiifanye tambara. Ni ya Mama Hadija, moja ya zile. Ndiyo niliyokubebea mgongoni toka Kondoa mpaka hapa. Itundike nyuma ya mlango, pale mkono unapofika bila macho kutazama, ili siku hiyo sitara isikucheleweshe. Na ukimkuta Mama Hadija yu hai, ingawa naona umri wake utakuwa umekwenda sana, mpe shikamoo yangu kwa mikono miwili, mwonyeshe kanga, mwambie, yule uliyesema wa kwenu amerudi. Atakuuliza kama nyumba yenu inajua kucheza. Basi nawe muulize Athumani hilo kabla hajapanga nyumba, na nguzo zake uzitazame wewe mwenyewe.

Wewe, mwanangu, ulitokea mahali pale ukiwa salama, umezungukwa na mikono ya watu ambao mama yako hakuzaliwa nao wala hakuolewa kwao. Nimekuwa nikikuona kama ninakutupa kwenye kinywa cha nchi. Nimekaa hapa tangu alasiri nikiandika, na nikiandika naona kwamba nchi ile ile ndiyo iliyonipa wewe. Kwa hiyo hili hapa, uliloniuliza jikoni, nalisema kwa wino kwa sababu kesho sitaweza kwa mdomo: nimekuridhia. Nimekuridhia ukienda na ukikaa, ukicheka na ukiudhika, ukinikumbuka na ukinisahau kwa raha zako. Nenda mwepesi.

Usiniandikie kila ikigeuka ubavu, utamaliza stempu. Hata ya vikombe usiniandikie. Lakini siku ambayo taa yetu hapa ukumbini itacheza pasipo upepo, Bi Tatu ataniambia ni lori. Nitamwacha na lori lake. Nitainuka, nitatoka uani, nitasimama pale kwenye mchanga bila buibui, nikijua kwamba muda ule ule nawe umeshatoka.

Nasikia sauti ya shangazi yako huko nje, anacheka. Nakunja.

Mama yako akupendaye.